Nyapara anataka pesa kila Ijumaa, na sasa mdogo wangu amepewa cheo

Shangazi, assalamu alaykum.

Nakuandikia kutoka Malindi, mtaa wa Maweni, ila kwetu hasa ni Lamu. Nina mume na watoto. Asubuhi nauza mahamri na mbaazi, mume wangu anaendesha tuktuk.

Mdogo wangu wa kiume, aliyenifuata ziwa, alikamatwa kabla ya Ramadhani iliyopita. Walisema ameiba mashine ya boti. Yeye anasema aliletewa aitengeneze, maana kazi yake ni ufundi wa mashine za boti, na ya wizi hakuyajua. Hakimu alimpa dhamana ya Sh200,000 na mdhamini wa kiasi hicho, au taslimu Sh100,000. Sisi hata robo yake hatukuwa nayo. Akapelekwa rumande, gereza moja hapa Pwani, na mpaka leo yuko huko. Kesi hutajwa ikaahirishwa. Mara shahidi hakuja, mara faili haionekani.

Nilipoenda kumwona alinieleza ya ndani. Seli imejaa kupita kiasi, usiku hulala ubavu, akigeuka mmoja wageuke wote. Askari huwahesabu jioni, hufunga mlango, na hawaonekani tena mpaka asubuhi. Saa zote hizo mwenye seli ni nyapara. Ni mahabusu kama wao, ila mkongwe, kesi yake ni ya miaka. Yeye ndiye anayesema nani alale wapi, nani apate blanketi, nani achote maji kwanza, nani asugue choo. Mgeni akiingia huulizwa kwao wana nini. Aliye na watu wa kumtumia pesa hulala karibu na dirisha. Asiye nao hulala mlangoni mwa choo, watu wakimruka usiku kucha, na akijibu kwa kiburi hupigwa. Asubuhi askari akiuliza, jibu ni kwamba ameteleza bafuni.

Haukupita muda nikapigiwa simu. Sauti ya mwanamume, ya upole kabisa. "Dada, ndugu yako ni kijana mzuri, sisi tunataka akae kwa amani." Amani hiyo ilikuwa Sh500 kila Ijumaa, kwa nambari atakayonipa. Nikatuma. Kuna Ijumaa nilichelewa, na nilipoenda kumwona nikamkuta jicho limevimba, hataki kusema kwa nini. Idi ilipokaribia ikapanda, ikawa Sh800. Nimeshauza bangili zangu za arusi.

Mume wangu sikumwambia, kwa sababu tangu mwanzo alisema mtu wa rumande ni shimo lisilojaa. Sasa ameona meseji. Kila Ijumaa pesa, na jina la mwanamume asiyemjua. Hajauliza kitu. Amehamia kulala sebuleni. Na mama yuko Lamu, ana presha, tumemwambia mwanawe amepata kazi ya meli Mombasa.

Lakini lililonitia kalamu mkononi ni la mara ya mwisho nilipoenda. Nilimkuta mdogo wangu amenawiri, ana shati safi. Akaniambia, "Dada, pesa zako sitaki tena. Nyapara amenipa kazi." Kwa kuwa amesoma na ana mwandiko mzuri, yeye ndiye atakayewapokea wageni, awaandike kwenye daftari nani amelipa na nani bado, na awapigie simu jamaa zao. Alisema hivyo kama mtu anayeniletea habari njema. "Sasa nalala vizuri," akasema.

Nilitoka nikaenda nikakaa kituo cha matatu, magari yakaniacha. Mzigo wangu umetuliwa, lakini kuna dada mwengine kama mimi atakayepigiwa simu, na sauti ya upole atakayoisikia ni ya mdogo wangu.

Nifanyeje, Shangazi? Nimwache kwa vile sasa yuko salama? Nikashtaki? Nikishtaki si watamuua humo ndani? Na huyu mume nimwambieje?

Dada wa Maweni, Malindi

SHANGAZI ANAJIBU

Mwanangu, wa alaykumu salaam.

Ule uzito uliokukalisha kituoni ulikuwa na haki yake. Mdogo wako yuko hatarini zaidi leo, na shati lake safi, kuliko alipokuwa akilala karibu na choo. Wakati ule alikuwa akidhulumiwa. Sasa anadhulumu kwa mkono wake, na daftari lina mwandiko wake. Kwa hiyo siwezi kukuambia umwache. Nitayajibu maswali yako kwa mpangilio wangu, kwa sababu liko jambo moja linalobeba mengine yote: huyo kijana inabidi atolewe rumande, na kila shilingi utakayoipata kuanzia leo ielekee huko.

Kwanza tuelewane nyapara ametoka wapi. Magereza yetu Kenya kwa miaka mingi yamebeba watu wengi mno kuliko nafasi yake, na sehemu kubwa ya watu hao ni mahabusu kama ndugu yako, ambao hakuna hakimu aliyewatia hatiani. Mambo yaliwahi kulegezwa. Kuanzia 2003, Moody Awori alipokuwa akisimamia magereza, yaliingia magodoro na televisheni, na jamaa wakaruhusiwa kukaribiana na watu wao. Ila msongamano haukwisha, na msongamano ndio unaomzaa nyapara. Watu wengi wakifungiwa chumba kimoja usiku kucha bila askari, lazima nafasi igawanywe, maji yagawanywe, hata hewa ya dirishani igawanywe, na anayegawa ndiye anayetawala. Pengine mwanzo ni mtu wa kuamua ugomvi tu. Kisha anagundua kwamba kila mgeni ana mama, mke au dada mwenye simu. Hapo kugawa kunageuka biashara, na walio nje wakiona seli imetulia hawaulizi utulivu huo umelipiwa na nani.

Jambo hili dunia imelijua zamani. Kanuni za Umoja wa Mataifa kuhusu wafungwa, zilizopitishwa upya 2015 na kupewa jina la Nelson Mandela, zinasema katika kanuni ya 40 kwamba mfungwa asipewe kazi yoyote ya kuwatia adabu wafungwa wenzake. Anayedhani hilo ni jambo dogo na aangalie kwingine lilikofikia. Huko La Paz, Bolivia, katika gereza la San Pedro, askari hukaa langoni na wafungwa hujiendeshea ya ndani. Mtu akiingia hulipia kiingilio, na chumba chake hukodi au hununua, kama nyumba ya mjini. Venezuela, mkubwa wa wafungwa huitwa pran, na katika magereza aliyotawala wafungwa walimlipa ada ya kila wiki. Isome hiyo, kisha uitazame Ijumaa yako. Katika gereza moja la huko, Tocorón, kwa pesa za namna hiyo walijenga bwawa la kuogelea, bustani ya wanyama na ukumbi wa dansi, na genge lililozaliwa humo likavuka mipaka likaingia nchi nyingine. Serikali ilipolirudisha gereza lile mikononi mwake Septemba 2023, ilipeleka polisi na wanajeshi zaidi ya 11,000.

Karibu nasi zaidi, Kongo, kuna Makala, gereza kuu la Kinshasa. Lilijengwa kwa watu 1,500, na kufikia 2024 lilikuwa na zaidi ya 12,000. Huko nako wakubwa wa wafungwa wana cheo chao, huitwa kapita, na nafasi ya kulala ni ya mwenye pesa. Alfajiri ya Septemba 2, 2024 watu walijaribu kuvunja watoke, na kwa hesabu ya serikali yenyewe wakafa 129, wengi wao kwa kukanyagana na kukosa pumzi. Gereza alilomo ndugu yako si Makala. Lakini katika chumba kilichojaa hivyo, siku moto ukitokea au ghasia ikazuka, cheo cha nyapara hakimfungulii mtu mlango.

Sasa cheo chenyewe. Kumtisha mtu ili akupe pesa ni jinai, na haijalishi umetumwa na nani. Mdogo wako aliingia kwa tuhuma ya mashine ya boti, kosa ambalo huenda hakulitenda. Akianza kupiga zile simu, atakuwa ametenda jingine, na ushahidi utakuwa kwenye simu za watu kama wewe. Nyapara ni mkongwe na anajua kujificha. Ndiyo sababu ametafuta kijana mwenye mwandiko mzuri. Siku wakubwa wakiamua kusafisha, daftari litaonyesha mwandiko wa nani?

Na hata kama hakuna atakayejua, liko la haki. Nakuomba ulimwambie kwa maneno yako mwenyewe, uso kwa uso. Mweleze kuhusu bangili. Mweleze ulivyotetemeka Ijumaa ile uliyochelewa. Yeye alikuwa ndani, hakuuona upande wako wa simu. Nadhani hajui bado kazi aliyopewa ni ipi.

Ila usimwambie akakatae kwa ukali, "mimi sitaki haramu." Atavunjwa meno. Mpe njia ya kujitoa isiyomvunjia nyapara heshima. Aseme dhamana yake inashughulikiwa na watu wa nyumbani, huenda akatoka wakati wowote, na daftari halifai kushikwa na mtu wa kuondoka. Nyapara anayataka mahesabu yake yakae kwa mtu wa kudumu, hilo ataliona lina maana. Na akitaka kuwa na faida kwa wenzake kwa mwandiko wake, iko kazi ya heshima zaidi. Katika baadhi ya magereza ya Kenya wafungwa wamefunzwa misingi ya sheria, nao huwaandikia wenzao maombi ya dhamana na rufaa. Aulize kwa ofisa wa ustawi kama kuna mpango wa namna hiyo pale. Mtu anayewaandikia wenzake barua za kuwatoa hupewa heshima na wakubwa na wadogo, na jamaa wa mtu hatozwi kitu.

Tuje kwenye dhamana. Katiba yetu ya 2010, ibara ya 49, inampa aliyekamatwa haki ya kuachiliwa kwa dhamana kwa masharti ya kiasi, isipokuwa kuwe na sababu nzito za kumzuia. Sheria ya mwenendo wa kesi za jinai, kifungu cha 123, inasema dhamana isipite kiasi, na inaipa Mahakama Kuu uwezo wa kuipunguza iliyowekwa na mahakama ya chini. Kiasi kile cha siku ya kwanza hakikuandikwa kwenye jiwe. Mdogo wako anaweza kusimama mbele ya hakimu yule yule, siku kesi inapotajwa, akaomba apunguziwe, na aseme sababu: amekaa muda wote huu, kesi haiendi kwa makosa yasiyo yake, familia imeshindwa. Akikataliwa, ombi lipelekwe Mahakama Kuu, na hapo Malindi ipo. Halihitaji Kiingereza cha kutisha. Linahitaji nambari ya kesi, tarehe, na maelezo ya kweli.

Hakimu huenda akaagiza ripoti ya ofisa wa probesheni. Hapa ndipo familia nyingi hupoteza bila kujua. Ofisa huyo atakuja nyumbani, atauliza kwa mzee wa mtaa na kwa chifu, atataka kujua kijana akitoka atalala kwa nani na nani atahakikisha anafika mahakamani. Akikuta nyumba imefungwa, au kila mtu ana habari yake, ataandika hivyo. Basi zungumza mapema na mzee wa mtaa, na upate mtu mzima mmoja wa kusema, "kijana huyu atakaa kwangu."

Kuhusu mdhamini, najua shida ya Pwani. Hati ya shamba tutaitoa wapi, na wengi wetu tunakaa ardhi ya mababu bila karatasi? Hili linaniuma, kwa sababu mtu wa bara mwenye hati anatoka jioni ile ile, na mvuvi wa Kizingitini anabaki ndani kwa kosa lile lile. Lakini hati si njia pekee. Mahakama hupokea daftari la gari, na hati ya mshahara ya mtu aliyeajiriwa. Je, katika ukoo hakuna mwalimu, muuguzi, mfanyakazi wa kaunti? Na taslimu nayo ifikirie upya. Sh800 kwa wiki ni Sh41,600 kwa mwaka, na hizo haziwezi kurudi. Pesa za dhamana hupewa risiti, na kesi ikiisha, kama kijana alihudhuria kila alipotakiwa, mwenye risiti hurudishiwa. Hakimu akishusha ikafika nusu, ukoo mzima ukichanga, si mlima. Chango la arusi tunalijua sote, na hili lina haja kuliko arusi. Ila kijana aapishwe na wazee: akitoroka, pesa za watu zimekwenda.

Wakili pia usikate tamaa naye. Tangu sheria ya msaada wa kisheria ya 2016 ipo Huduma ya Kitaifa ya Msaada wa Kisheria kwa wasio na uwezo. Waulize makarani wa mahakama wapi pa kuanzia.

Na nikuonye hapa, kwa sababu nimesikia mengi: mtu akichoka na seli hujishauri akiri kosa ili atoke. Kama hakuiba, asikiri. Hatia ya wizi humfuata fundi kila bandari atakayoomba kazi. Ikiwa kuna ukweli asiokuambia wewe, basi amwambie wakili, kwa maana kuna njia ya makubaliano na mwendesha mashtaka. Kuna kifungo cha nje cha kuitumikia jamii, chini ya sheria ya 1998, kwa makosa ya namna hiyo. Na muda aliokaa rumande, kwa kifungu cha 333 cha ile sheria ya mwenendo wa kesi za jinai, hakimu lazima auzingatie katika hukumu. Lakini hayo ni ya mtu aliyetenda.

Umeniuliza kushtaki. Naelewa hofu yako, na mimi singekutuma ukapige kelele langoni. Tumia busara ya hatua. Zitunze meseji zote za kutuma pesa, uzipige picha, na uwaachie watu wawili unaowaamini. Nambari na jina vimo humo. Ukipigiwa simu tena, usitukane na usiahidi. Sema pesa zote zimekwenda kwenye dhamana, na ni kweli zitakuwa zimekwenda. Sikuambii ukate ghafla kama ndugu yako ataumizwa usiku ule. Mwombe kwanza ofisa msimamizi ambadilishie seli, kwa sababu ya afya, bila kumtaja nyapara hata kidogo. Kama anakohoa zaidi ya wiki mbili, hiyo ni sababu ya kweli na ya haraka. Kifua kikuu huzipenda seli zilizojaa, na dawa zake hospitali za serikali ni bure. Akipigwa tena, asingoje. Siku ya mahakama amwonyeshe hakimu jeraha, mbele ya watu wote, na aombe kupelekwa hospitali. Hakimu ana uwezo wa kuagiza hilo.

Akishatoka, au akishahamishwa, hapo mseme. Tume ya Kitaifa ya Haki za Binadamu hupokea malalamiko ya magereza, na Tume ya Haki ya Utawala nayo. Kila kituo cha mahakama kina kamati ya watumiaji wa mahakama, na watu wa magereza huketi humo na mahakimu. Katiba, ibara ya 51, inasema aliyefungwa anabaki na haki zake zote ila zile zisizowezekana kwa hali ya kufungwa. Kulala bila kulipa nyapara haimo katika zile zisizowezekana. Na mkienda wengi, familia kadhaa zenye meseji zinazofanana, hakuna atakayejua neno lilitoka kwa nani. Wale wanawake unaokutana nao kwenye foleni ya kuonana, zungumza nao. Nakuhakikishia hauko peke yako katika foleni ile.

Na uende kumwona kila unapoweza. Mimi nimezaliwa Lamu. Ngome yetu pale Mkunguni ilikuwa jela kuanzia 1910 hadi 1984, katikati ya mji, sokoni hasa. Leo magereza yako mbali na macho, na wengi habari ya mtu wao wanaipata kwa nyapara tu. Mahabusu anayetembelewa huonekana ana watu nyuma yake, na askari na nyapara wote humpimia kwa hilo.

Sasa mumeo. Mwanangu, usimalize wiki hii hujazungumza naye. Anachofikiria sebuleni ni kibaya kuliko ukweli. Usimweleze kwa mdomo tu. Mpe simu, asome meseji za Ijumaa zote, kisha umwambie jina lile ni la nani. Atakasirika kuhusu bangili na kuhusu siri, na hasira hiyo ana haki nayo, muache aimalize. Kisha usimwombe pesa za nyapara. Mwombe akusindikize mahakamani. Aliposema shimo lisilojaa, kwa habari ya nyapara alisema kweli, na mwambie hivyo. Dhamana ni kitu kingine: ina kiasi, ina risiti, ina mwisho. Mtu wa tuktuk anajulikana stendi nzima, na huenda mdhamini akatokea huko.

Mama naye aambiwe, kwa sababu ofisa wa probesheni akimpigia simu Lamu akasikia habari za meli ya Mombasa, ripoti imeharibika. Asiambiwe kwa simu. Mmoja wenu apande basi aende, akae naye, amweleze baada ya kula, na aende tayari na habari ya mpango wa dhamana. Presha ya mama hupandishwa zaidi na habari ya jirani.

Jumatatu nenda mahakamani, masjala ya jinai, na kitambulisho chako. Omba nambari ya kesi, tarehe itakapotajwa tena, na nakala ya amri ya dhamana. Ukizipata niandikie kabla ya tarehe hiyo, nikusaidie kupanga maneno ya ombi.

Shangazi